Supu Isiyo na Samaki

Nimetoka kiwandani vidole vimejikunja.
Saa tisa nzima nimesimama, kisu mkononi,
minofu ya sangara ikipita mbele yangu
kama kurasa tupu za daftari la mtu mwingine.
Aproni nimevua, buti nyeupe nimevua.
Harufu haivuliki.
Nimejaribu ndimu, majivu, sabuni ya mche.
Tangu kona ya Igogo paka ananifuata
akidhani chakula ni mimi.

Basi usiniulize.
Ziwa liko hapo chini, ukirusha jiwe linazama,
na mimi napanda mlima na soseji sita za ng'ombe
kwenye mfuko wa kaki.

Mama alipiga simu kutoka Ukerewe.
"Soseji ndiyo nini?"
Nyama iliyosagwa, mama, ikavalishwa soksi.
Akanyamaza kidogo.
"Kwani samaki wameisha?"
Hawajaisha. Nimeisha mimi.

Ukuta wa nyuma wa nyumba yetu ni jabali;
fundi alijenga tatu, wa nne akaukuta.
Hapo ndipo naweka jiko, kwenye joto
ambalo mwamba umelificha tangu mchana.
Kitunguu kwanza, kwenye mafuta, hadi kilegee.
Kisha soseji, vipande vya duara.
Mkono unalaza kisu kwa mazoea,
unatafuta uti wa mgongo.
Pole, mkono. Hapa hakuna mfupa.
Leo ni kukata tu: tok, tok, tok.

Vinachachatika, vinainua kingo,
vinageuka kahawia kama sarafu za zamani.
Karoti mbili. Viazi mviringo vitatu, kimoja kina jicho.
Nyanya iliyolegea upande mmoja
(ya upande huo ndiyo tamu, alisema Mama Sayi,
ambaye kabichi lake bado sijalilipa).
Maji taratibu: ndoo hii imepanda mawe
kwa miguu ya Ngasa, mia tano kila safari,
na hata tone lina jasho lake.

Halafu, nikiwa peke yangu, konzi moja ya nsansa,
majani ya kunde yaliyokaushwa na wifi yangu kule Magu.
Hayamo kwenye mapishi ya soseji ya mtu yeyote.
Supu ikawa nyeusi kidogo. Ikanukia nyumbani.

Watoto wamechuchumaa kuzunguka sufuria.
Kulwa ndiye mhasibu:
"Soseji sita, kila moja vipande saba, arobaini na viwili.
Tuko wanne. Kumi kumi.
Vinabaki viwili."
"Vya baba," akasema Doto.
Baba yao yuko Geita, machimboni,
mwisho wa mwezi ulishapita mara mbili.
Nikaongeza chumvi. Ilikuwa tayari imo.

Tumekula kwenye bakuli zisizofanana,
tukipuliza, pua zikichuruzika kwa pilipili manga.
Hakuna aliyesema neno mpaka kabichi lilipoisha.
Shija, aliyewafuata mapacha
na bado anawafuata kila mahali,
alilala pajani kwangu kabla ya kumaliza.
Akashika kiganja changu, akakinusa,
nami nikataka kukivuta.
"Mama," akasema macho yamefumba,
"leo unanuka kitunguu."

Paka alisogea, akanusa bakuli tupu,
akanitazama kwa dharau, akashuka mawe.

Vile vipande viwili nimevifunika kwa kisahani.
Usiku nimesikia mfuniko mara moja,
nikadhani ni upepo wa ziwa, nikaacha.
Alfajiri, kabla ya buti, nilifunua:
kimebaki kimoja.
Nikakila nimesimama, kikiwa baridi,
mafuta yake meupe yameganda kama umande,
na sikumuuliza mtu.